Njiwa wangu darini ndio kimbilio langu, na mimi na mke wangu hatuongei. Je, nina dhambi?

SWALI:

Assalaam alaykum sheikh. Mimi ni mkaazi wa Mji wa Kale hapa Mombasa, nafanya kazi bandarini, nina mke na watoto wawili, tulikuwa na watatu lakini wa mwisho alifariki. Nyumbani hakuna raha. Mimi na mke wangu hatugombani lakini hatuongei, ni ada ya skuli na gesi imeisha basi. Miaka mitatu sasa nafuga njiwa darini, nilianza na jozi mbili nilizopewa na binamu yangu, saa hii wamepita sitini. Nikitoka kazini napanda juu moja kwa moja, nashuka usiku watu washalala, na siku za kaskazi kukiwa joto nalala huko huko. Mke wangu huniwekea sahani yangu kwenye ngazi imefunikwa kawa. Kuna ustadh mmoja aliniambia njiwa ni mashetani na mwenye kucheza nao swala yake haikubaliwi siku arubaini, nikawa narudia swala zangu. Wenzangu barazani nao waniambia nisimsikize, bora njiwa kuliko wanawake wa nje au kutafuna majani ya muguka, na maadamu nalisha na kuvisha sina dhambi yoyote. Je njiwa ni haramu? Niwauze wote? Na kukaa kwangu juu kuepuka shari kuna makosa?

JIBU:

Waalaykumu salaam warahmatullahi wabarakatuh.

Ndugu yangu, kulikuwa na maswali yaliyotangulia lako lakini nimeyaweka kando nikaanza na hili, manake limenigusa, na pia kwa sababu hii si habari ya mtu mmoja. Nyumba zetu zimejaa hali hii. Kuna mwenye kushinda na mshipi wake kule Likoni hata kama samaki hawali, kuna mwenye mechi za Uingereza Jumamosi na Jumapili kisha Jumanne na Jumatano ni za Ulaya, kuna aliyehamia jimu, kuna mama naye kila jioni ni kuoka keki na kuzipiga picha mpaka mumewe hajui akae wapi. Na ukichunguza waona si mshipi wala mpira wala keki, ni mtu hataki kuwa chumba kimoja na mwenzake. Wewe angalau umeuliza, Allah akulipe kheri kwa hilo.

Tumalize kwanza la njiwa, ndilo jepesi ingawa ndilo lililokutia hofu.

Hadithi aliyokusomea huyo ustadh ipo, sikatai. Abu Daud ameipokea kutoka kwa Abu Hurayra kwamba Mtume swalla Allahu alayhi wasallam alimuona mtu anamfuata njiwa akasema, shetani anamfuata shetani. Lakini hadithi haichukuliwi hivo, mtu akaisoma kwa simu asubuhi, jioni akatoka kuwatisha watu nayo. Wanazuoni wameieleza, wakasema yule amekemewa kwa kushughulika na ndege mpaka akaghafilika na Mola wake. Na Imam Nawawi, ambaye sisi watu wa pwani na madhhabu yetu ya Shafi ndiye tunayemsoma tangu chuoni, amelipambanua wazi kabisa: kufuga njiwa kwa ajili ya mayai, au makinda, au kujiliwaza nao, au kupelekea barua, yafaa bila ya karaha, yaani hata si jambo la kuchukiza. Kuwarusha kwa mchezo na kuwashindanisha, kauli sahihi ni makuruhu, yaani lachukiza ingawa si haramu. Na ikiingia kamari hapo ndipo ushahidi wa mtu hurudishwa, haupokelewi. Yaani huku kujiliwaza ambako wewe wakuonea haya, imamu amekutaja, na akasema hakuna karaha.

Na yule mtoto Abu Umayr, ndugu yake Anas bin Malik, alikuwa na kidege chake cha kuchezea kikafa, na Mtume akimuona humuuliza kwa upole, ewe Abu Umayr, kidege kimefanya nini? Hii iko kwa Bukhari na Muslim. Lau kufuga ndege kwa kujifurahisha ni ushetani, ingekatazwa nyumba ile kwanza.

Ama hili la swala kutokubaliwa siku arubaini, limenikasirisha na sitaki kulificha. Siku arubaini zimekuja kwa mwenye kunywa pombe, na zimekuja kwa mwenye kumwendea mpiga ramli kumuuliza mambo ya ghaibu. Kwa mwenye njiwa hazikuja popote. Na hata hao wawili wanazuoni wamesema ni thawabu zinazowapotea, lakini faradhi inawaondokea na hawaamrishwi kulipa. Sasa mtu akae amchukulie Muislamu adhabu ya mlevi amvishe kwa sababu ya vifaranga na mtama! Kumwambia mtu swala yako haikubaliwi ni kumsemea Mwenyezi Mungu, na mwenye kumsemea Mwenyezi Mungu bila ya elimu amebeba mzigo ambao mimi siutaki shingoni mwangu. Swala zako ni sahihi inshallah, na zile ulizokuwa ukizirudia hazikuhitaji kurudiwa, usirudie tena.

Kuna na hoja nyingine nimeisikia sana siku hizi, labda nawe utaletewa, kwamba kila burudani ni batili kwa sababu Mtume amesema kila kitu anachojiburudisha nacho mtu ni batili isipokuwa vitatu, kurusha mishale, kumfunza farasi wake, na kucheza na mkewe. Ameipokea Tirmidhi na wengineo. Mwanazuoni Imam Ghazali alishawajibu watu hawa zamani sana, akasema hadithi haitoi uharamu, na akaleta dalili ya Wahabeshi waliocheza na mikuki msikitini siku ya Idi, Mtume akamsimamisha Bi Aisha nyuma yake awatazame mpaka alipochoka mwenyewe, na hilo haliko katika vile vitatu na si haramu. Basi mtu akipata saa yake ya kupumua na kitu cha halali, awe ni mvuvi wa mshipi au mfuga njiwa, hatumfungii mlango ambao sheria haikuufunga.

Lakini hebu rudi uitazame ile hadithi. Kitu cha tatu ni kipi? Ni mtu kucheza na mkewe. Anayeitumia kuharamisha starehe za watu hukitaja hicho haraka haraka apite, na wale wa barazani kwenu hawakitaji kabisa. Na mimi hapo ndipo nataka kukaa na wewe.

Nasema wazi kwamba hao wenzako wa barazani wamekudhuru zaidi kuliko yule ustadh. Yeye amekutisha kwa kitu ambacho si kosa, wao wamekutuliza kwa kitu ambacho ni kosa, na mwenye kutulizwa hatafuti dawa. Wamekwambia bora njiwa kuliko zinaa. Ni nani aliyekuwekea mambo mawili tu uchague? Kwani njia ya tatu, ya kushuka chini ukakaa na mkeo, imefungwa na nani? Mtu akilinganishwa na watu waovu kuliko yeye siku zote ataonekana mzuri, mwenye kutafuna muguka ataambiwa bora wewe huvuti unga, na mwenye kuvuta unga ataambiwa bora wewe huibi. Siku ya Kiyama hakuna mtu atakayeulizwa kuhusu jirani yake alikuwa mbaya kiasi gani.

Wamekwambia maadamu walisha na kuvisha huna dhambi. Hii ndiyo kauli iliyotuharibia ndoa nyingi hapa Mombasa, na inasemwa na watu wanaoswali safu ya mbele. Mwenyezi Mungu katika Suratun Nisaa aya ya 19 amesema, na kaeni nao kwa wema. Amesema kaeni nao. Mfungwa pia hulishwa na kuvishwa. Ukitaka kujua hukumu ya mume mwema aliyepotelea katika kitu kizuri mtazame swahaba Abdullah bin Amr bin Al-Aas, kijana mchaji Mungu, baba yake alimuozesha mwanamke wa Kikuraishi wa nasaba, na yule mzee akawa humpitia mkaza mwana akimuuliza habari za mumewe. Bibi yule akajibu kwa adabu iliyojaa uchungu, ni mwanamume mzuri sana, hajakanyaga tandiko letu wala hajafunua pazia letu tangu tuje kwake. Abdullah alikuwa akifanya nini? Hakuwa barazani wala hakuwa darini, alikuwa akifunga kila siku na kusoma Qur'ani usiku kucha. Habari ikamfikia Mtume, akamwita akampunguzia saumu na kisimamo, akamwambia mkeo ana haki juu yako. Iko kwa Bukhari.

Na swahaba Salman alipomtembelea nduguye Abu Dardaa akamkuta Ummu Dardaa, mke wa Abu Dardaa, amejiachilia, hakujipamba, akamuuliza una nini, akasema nduguyo Abu Dardaa hana haja na dunia. Ibada tena, si mchezo. Salman akamlazimisha Abu Dardaa ale, akamlazimisha alale, akamwambia Mola wako ana haki juu yako, na nafsi yako ina haki juu yako, na ahli zako wana haki juu yako, mpe kila mwenye haki haki yake, na Mtume alipoambiwa akasema Salman amesema kweli. Sasa ndugu yangu, ikiwa Qur'ani na tahajudi, swala za usiku, hazikukubaliwa kuwa udhuru wa kumuacha mke peke yake, njiwa sitini watakuwa udhuru?

Wewe mwenyewe umeandika kwamba waepuka shari. Nakuamini, wala sidhani wewe ni mtu mbaya, wengi wanaonyamaza wananyamaza kwa kuogopa kuharibu zaidi. Lakini kuna kusubiri na kuna kuhama. Mwenye kusubiri yupo, anasikia, anajibu kwa upole, anaumia na yupo. Wewe umehama. Na sheria imeuwekea mpaka uhamaji: mke akiwa ameasi kweli kweli na mumewe akamhama, amehamwa kitandani, na Mtume amesema usimhame ila ndani ya nyumba. Na wewe usiniambie dari ni nyumba. Mkeo wewe hukuandika kosa lake hata moja. Nimelitafuta katika swali lako sikuliona. Muislamu na Muislamu mwenzake tu hawaruhusiwi kususiana zaidi ya siku tatu, na mume aliyeapa kutomkaribia mkewe amepewa miezi 4 katika Suratul Baqara aya ya 226, kisha ama arudi ama aache. Wewe hukuapa, umenyamaza tu ukapanda ngazi, na ni miaka mitatu. Allah amekataza mwanamke kuachwa kama aliyetundikwa, hana mume wala hakuachwa. Aya ile, ya 129 katika Suratun Nisaa, imeshuka kwa wenye wake wengi, lakini mwenye mke mmoja akahamia darini hali ya mkewe ina tofauti gani na hiyo?

Kwa hiyo jibu la swali lako la mwisho ni ndiyo, kuna makosa, na makosa hayako kwa njiwa. Kumuacha mke namna hii ni dhulma hata kama hujawahi kuinua mkono wala sauti, na yahitaji toba, na toba yake ni kushuka.

Sasa nikwambie niliyoyaona katika maneno yako, nisamehe nikikosea. Umeandika tulikuwa na watatu lakini wa mwisho alifariki, ukaipitia kwa mstari mmoja ukaenda kwa gesi na ada ya skuli. Hukusema alikuwa na umri gani wala ni lini. Nakuuliza: je, njiwa hawakuja baada ya mtoto? Kama ni hivyo basi ninyi hamna ndoa mbovu, nyinyi ni baba na mama waliofiwa na kila mmoja akaenda kulia pahali pake. Wewe ukapata viumbe vidogo vya kulisha na kufunika usiku, na yeye akabaki chini na nguo za mtoto. Wanaume wa huku kwetu tumefundishwa matanga ni siku tatu kisha ni kazi, mwanamume analia makaburini akishafukia hapana tena. Nani alitufundisha? Mtume alimbeba mwanawe Ibrahim akiwa katika sakarati, macho yakamtoka machozi mbele ya watu, Abdurrahman bin Auf akashangaa, akamwambia hii ni rehema, kisha akasema jicho linatoa machozi na moyo unahuzunika na hatusemi ila linalomridhisha Mola wetu. Alisema kwa sauti, ewe Ibrahim, hakika sisi kwa kufarikiana na wewe tuna huzuni. Wewe umewahi kumwambia mkeo neno kama hilo? Umewahi kulitaja jina la mtoto wenu mbele yake tangu siku ile?

Na ile sahani. Mwanamke ambaye hasemezwi miaka mitatu bado apika, apakua, atafuta kawa afunika nzi wasiingie, apanda ngazi aiweka pale. Wewe waona ni mazoea. Mimi naona ni mtu ambaye hajakata tamaa nawe, na pengine ndiyo lugha pekee iliyombakia. Mtume amesema muumini asimchukie muumini mwanamke, akichukia tabia moja ataridhika na nyingine. Anza na hiyo sahani basi.

Ninavyokushauri ni hivi. Kesho ukitoka kazini usipande. Wape njiwa chakula asubuhi kabla ya kwenda bandarini, au mfunze kijana wako awape jioni. Ingia ndani, msalimie mkeo kwa jina lake, kaa uswali maghrib, na mle pamoja sinia moja na watoto, hata kama hakuna la kusema mle tu. Usitarajie atafurahi. Atashtuka, atakushuku, huenda akafikiri wataka kuoa mke wa pili na wamtayarisha, manake ndio desturi ya wanaume wengi kuwa wazuri ghafla. Vumilia hilo, umelipanda mwenyewe. Bi Aisha aliulizwa Mtume alikuwa akifanya nini nyumbani kwake, akasema alikuwa katika kazi za ahli zake, na wakati wa swala ukiingia hutoka. Kazi za nyumbani, ndugu yangu, chini, pamoja na watu wake. Ijumaa au Jumapili mchukue mkaketi Mama Ngina, pale kando ya bahari, mpate upepo na mihogo, watoto waache kwa bibi yao, na hapo ndipo umtajie mtoto. Wewe uanze, usingoje yeye. Sema nimekuacha peke yako na msiba wetu, nisamehe. Akilia usimwambie subiri mama, lia naye. Akikasirika akayasema yote ya miaka mitatu, sikiza mpaka yaishe na usijitetee hata kwa moja, ijapokuwa utaona mengine amekuzidishia.

Ukijaribu kwa muda wa kutosha na mlango usifunguke, msikae hivo hivo mkaoza. Aya ya 35 ya Suratun Nisaa imeweka mwamuzi kutoka kwa watu wake na mwamuzi kutoka kwa watu wako, na Allah ameahidi wakitaka suluhu atawawafikisha. Chagueni watu wazima wenye siri. Mjomba anayependwa na pande zote mbili ni bora kuliko shangazi atakayeyasimulia yote harusini. Na msimuogope Kadhi. Watu hapa wakisikia mahakama ya Kadhi wanafikiri ni talaka tu, wakati mara nyingi hapo pia huanzwa na sulhu, na kuna wanandoa wametoka pale wameshikana mikono. Na kama baada ya yote hayo imeshindikana, mwenyewe Allah ameweka mlango, kukaa kwa wema au kuachana kwa ihsani, na mke naye ana mlango wake wa khului, kujitoa katika ndoa kwa kurudisha mahari, kama mke wa swahaba Thabit bin Qays alivyorudisha shamba alilopewa mahari akatoka bila ya kulaumiwa. Kuachana kwa ihsani si aibu. Aibu ni kumzeesha binti wa watu kwenye ngazi.

Na mama anayesoma haya na kimbilio lake ni simu au biashara ya keki, nimeyasema kwa mume kwa sababu mume ndiye aliyeuliza, lakini haki ni ya pande zote. Mkeo naye ndugu yangu pengine ana kupanda kwake ngazi ambako wewe hukuoni. Hilo mwachie aliseme mwenyewe siku mtakapoongea, usiende kumtupia leo kama jibu.

Limebakia la kuuza. Usiwauze wote. Ukiwauza kwa hasira utakaa chini na uso wa mtu aliyenyang'anywa, na mkeo ndiye atakayelipia. Punguza, wape wenye kupenda, bakisha idadi ambayo kazi yake yaisha kwa saa moja, na uwape maji na nafaka yao kwa nia ya ujira, manake Mtume ametuambia kila chenye ini bichi kuna ujira ndani yake. Waachie watoto wapande nawe. Nyumba za Mji wa Kale zimebanana na kutoka darini nyua za majirani zaonekana, basi weka pazia la gunia upande huo, au uwapigie hodi kabla ya kupanda, kuchungulia wake za watu ni haramu hata kama ulikuwa ukimtafuta njiwa aliyepotea. Na yale mashindano ya kurusha ambayo vijana huwekeana pesa, yaache moja kwa moja, hata kama ni ya soda.

Wallahu a'lam.